Taa ya Forodhani na Dakika Arobaini

Kila anayepanda meli bandarini Dar es Salaam kwenda Unguja huambiwa habari moja kabla hajamaliza siku yake ya kwanza Mji Mkongwe: ya kuwa mbele ya Beit al-Ajaib vilipiganwa vita vifupi kuliko vyote duniani. Husimuliwa kama kichekesho. Vijana wetu wa Kariakoo hurudi na habari hiyo pamoja na halua na karafuu, wakaisimulia barazani, na watu wakacheka. Sisi hatucheki, na leo twataka kusema sababu.

Tuanze na taa. Wengi hawajui ya kuwa mahali pale palikuwa na mnara wa kuongoza vyombo. Sultani Barghash bin Said, aliyetawala tangu 1870 hata 1888, alijenga Beit al-Ajaib mwaka 1883, na mbele ya jumba hilo, karibu na maji, ukasimama mnara wa taa. Aijuaye bahari ile hahitaji kuelezwa faida yake. Kuna miamba na mafungu ya mchanga, na nahodha aliyefika usiku asione taa hutia nanga mbali akangoja alfajiri, maana jahazi likipanda mwamba hapana wa kumlipa. Mnara ule ulikuwa na taa safu juu ya safu, hata mabaharia wa Kiingereza wakaubandika jina la mzaha, mti wa Krismasi wa Sultani. Ndiyo desturi ya mabwana wale: mnara wao ni mnara, wa mwenzao ni mchezo wa watoto.

Wala asidhani mtu tunamlilia Sultani. Fedha iliyojenga majumba ya Forodhani ilitoka katika karafuu na pembe za ndovu. Karafuu zilichumwa na watumwa. Barghash alitia sahihi mwaka 1873 kukomesha biashara ya watumwa baharini, tena kwa kushurutishwa na Waingereza, lakini utumwa wenyewe uliendelea kukubaliwa na sheria hata mwaka 1897. Na zile pembe hazikujileta pwani. Zililetwa Bagamoyo juu ya mabega ya wapagazi, Wanyamwezi na wengineo, mwendo wa miezi. Basi ukituuliza taa ile ilikuwa ya nani, tutakujibu ilikuwa ya hao walioilipia kwa migongo yao, ijapokuwa hakuna aliyewaandikia risiti.

Sasa hizo dakika. Tarehe 25 Agosti, 1896, Sultani Hamad bin Thuwaini alifariki. Khalid, mwana wa Barghash, akaingia jumbani akakalia kiti. Waingereza walikuwa na mtu wao, Hamoud bin Mohammed, wakamwambia Khalid atoke kabla ya saa tatu asubuhi ya tarehe 27. Hakutoka. Saa tatu na dakika mbili manowari za Admeri Rawson zikaanza kupiga mizinga, na kabla ya saa nne kasorobo kazi ilikuwa imekwisha. Watu kama 500, wanaume kwa wanawake, walikufa au kujeruhiwa upande wa jumbani, wengi kwa moto, kwa kuwa sehemu kubwa ya majengo ilikuwa ya mbao. Upande wa Waingereza alijeruhiwa baharia mmoja. Humo jumbani walikuwamo watumishi na watumwa ambao hawakuulizwa wanamtaka Sultani yupi.

Mnara wa taa ulivunjwa siku ile. Meli ya Sultani, Glasgow, ikazamishwa pale pale, na milingoti yake ikabaki imechomoza majini hata mwaka 1912. Hebu fikirini, ndugu: asubuhi moja bandari ikapoteza taa ya kuwaonya manahodha, na papo hapo ikapata gofu la meli la kuwagonga! Halafu wafuasi wa Khalid wakatozwa rupia 300,000, kufidia uporaji uliotokea na gharama ya makombora waliyopigwa nayo. Mtu apigwe, kisha alipie fimbo. Hicho ndicho kichekesho chenyewe, kama mnataka kucheka.

Mambo haya hayako mbali na Kariakoo kama mnavyodhani. Khalid alikimbilia ubalozi wa Wajerumani, nao wakamleta kwa meli hapa Dar es Salaam, akakaa mpaka Waingereza walipoingia mwaka 1916 wakamtia mkononi. Mwaka huo huo ndipo mtaa wetu ulipoanza kupata jina lake, kwani jina Kariakoo lilitokana na jeshi la wapagazi la Waingereza, Carrier Corps, waliopiga kambi hapa. Maelfu kwa maelfu ya wapagazi wa vita ile walikufa kwa maradhi na njaa, na wengi hata majina yao hayakuandikwa. Sisi tunaoitwa kwa jina la mzigo wao hatuna ruhusa ya kuwacheka wa Forodhani.

Mwaka 1897 mnara mwingine, wa saa, ulijengwa mbele ya Beit al-Ajaib. Vyombo vikajengewa mnara wa Chumbe mwaka 1904, ambao abiria wa kutoka kwetu huuona anapokaribia mji. Nalo jumba likageuzwa ofisi za wakoloni, na baada ya Mapinduzi ya 1964 likawa mali ya umma. Tarehe 25 Desemba, 2020, sehemu yake kubwa iliporomoka, ikaua mafundi wawili waliokuwa wakilitengeneza. Hao nao ni katika hesabu ya walioulipia mtaa ule.

Twasikia habari nyingi za nguzo, milango na roshani za jumba hilo. Ni vizuri zitengenezwe. Lakini sisi tunataka na kibao. Kiwekwe pale ulipokuwa mnara wa taa, kiseme ulilipiwa na kazi ya nani, ulivunjwa na mizinga ya nani, na watu wangapi waliumia siku ile. Na walimu wenzetu wa historia, wanapofika somo hili, waanze na hao 500 kabla ya kutaja dakika. Kibao kiandikwe Kiswahili kwanza, kwa herufi kubwa, na kisiwekwe juu ukutani ambako mchukuzi mwenye gunia begani hawezi kukisoma.