Kurejeshwa Kazini Si Fadhila

Yako maneno mawili ambayo huko Jinja na Mbale husikika yakitamkwa kana kwamba ni jambo moja: kusimamishwa kazi na kufukuzwa kazi. Sisi waalimu wa lugha haitufai kuuachia mchanganyiko huo, maana kwa njia yake watu hupunjwa haki zao. Aliyefukuzwa amekwisha kuhukumiwa. Aliyesimamishwa angali anachunguzwa, na kazi yake ingali yake.

Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma nchini Uganda zimelieleza hilo waziwazi. Mtumishi aliyesimamishwa hulipwa mshahara usiopungua nusu. Uchunguzi wake sharti umalizike katika miezi 3, au miezi 6 iwapo shauri limefika polisi au mahakamani. Naye akionekana hana hatia, sehemu iliyozuiliwa hulipwa yote. Juu ya kanuni hizo iko Katiba ya mwaka 1995, ambayo katika ibara ya 173 yakataza mtumishi wa umma kuondolewa, kushushwa cheo au kuadhibiwa pasipo sababu ya haki.

Basi tumtazame karani wa Mbale aliyekaa nje miaka miwili kwa nusu mshahara, akaonekana hana hatia, akapewa barua ya kurudi. Barua yataja siku ya kuripoti tu. Kuhusu nusu ya miezi 24, ambayo jumla yake ni mshahara wa mwaka mzima, haina neno. Akiuliza, aambiwa fungu halikutengwa katika makadirio. Akiuliza tena, aambiwa ashukuru kwamba amerudi. Ashukuru nini? Ada za watoto wake hazikudaiwa nusu. Nauli ya kufuata faili Kampala, mwendo wa zaidi ya kilomita 200, haikutozwa nusu. Naam, Mahakama Kuu ina masjala Jinja na Mbale pia, lakini wakili naye hali upepo.

Wapo wasemao kwamba serikali haiwezi kumlipa mtu kwa kazi asiyoifanya. La hasha! Ni nani aliyemzuia asiifanye? Mwajiri aliyetumia miaka miwili kwa uchunguzi wa miezi 3 ndiye aliyeipoteza kazi hiyo. Tena pensheni ya serikali huhesabiwa kwa miezi ya utumishi; miezi 24 ikidondoshwa katika jalada leo, mzee atapunjwa hadi kufa kwake.

Hatuwatetei wezi wa mali ya umma. Aliyethibitika kuiba na aondolewe, tena upesi, ndani ya muda uliowekwa. Uchunguzi ukiburutwa, mwizi hula nusu mshahara bure miaka na miaka, ilhali asiye na hatia hulala njaa.

Twadai kwamba kila barua ya kumrejesha mtumishi itaje kiasi anachodai, tarehe ya kulipwa, na kwamba utumishi wake haukukatika. Na kwa kuwa Kiswahili kimetajwa katika Katiba kuwa lugha rasmi ya pili tangu marekebisho ya mwaka 2005, barua hiyo iandikwe kwa Kiswahili pia, ili karani, mpishi wa shule na mlinzi wa hospitali waisome wenyewe kabla ya kutia sahihi.