Zile Bendi za Farrokh Zilizokufa

Ukimtaja Freddie Mercury mbele ya watu wa pwani, maneno huwa mawili. Kuna watakaojisifu kwamba ni mtoto wa Unguja aliyetia fora duniani, na kuna watakaotikisa kichwa kwa mwenendo wake. Mwaka 2006, ilipotakiwa kufanywa sherehe ya miaka 60 tangu azaliwe, jumuiya ya Uamsho ilisimama kidete kuipinga. Ubishi huo leo nauacha upande. Nataka kuzungumza juu ya bendi zake zilizokufa, maana hizo ndizo zinazotuhusu sisi tulioko huku bara, Nakuru, kuliko hiyo Queen iliyojaza viwanja.

Jina lake la kuzaliwa ni Farrokh Bulsara, mtoto wa Kiparsi, na baba yake alikuwa mshika fedha wa mahakama Unguja. Baada ya Mapinduzi ya 1964 jamaa hao walihamia Uingereza. Agosti 1969 Farrokh alikuwa amekwisha maliza chuo cha sanaa, na bendi hana. Ndipo wakatokea vijana watatu kutoka upande wa Liverpool, kundi lao likiitwa Ibex: Mike Bersin kwenye gitaa, John Taylor kwenye besi na Mick Smith kwenye ngoma. Walikuja London kutafuta bahati, na walihitaji mwimbaji.

Siku kumi tu baada ya kujuana, tarehe 23 Agosti, alipanda nao jukwaani mjini Bolton. Kesho yake wakapiga tena, hadharani, katika bustani ya mji. Tarehe 9 Septemba wakawa klabu ya Sink, Liverpool, wakipiga nyimbo za wenzao: Beatles, Cream, Led Zeppelin. Farrokh alikuwa ametimiza miaka 23 siku nne kabla.

Haukupita muda akataka jina libadilishwe liwe Wreckage, yaani mabaki ya chombo kilichovunjika. Mvuvi wa Lamu asingethubutu kukipa chombo chake jina hilo! Mpiga ngoma akaondoka, akaja mwingine, na kabla mwaka haujaisha kundi likavunjika kweli. Mwanzoni mwa 1970 akaingia Sour Milk Sea, bahari ya maziwa yaliyochacha. Nalo halikufika mbali. Inasimuliwa kwamba katika onyesho moja la Wreckage mlingoti wa maikrofoni ulikatika, naye akaendelea kuimba na kipande kilichobaki mkononi. Kipande hicho ndicho dunia nzima iliyomjua nacho baadaye.

Twayajua mengi ya haya kwa sababu rafiki mmoja wa Ibex alibeba kinasa sauti usiku ule wa Liverpool. Hapakuwa na kampuni wala studio. Ule ukanda ulihifadhiwa, na mwaka 2000 wimbo mmoja uliomo, Rain wa Beatles, ulitolewa rasmi.

Sasa tazama kwetu. Nimekaa Bondeni miaka mingi, nimeona bendi zikianzia sebuleni, gitaa la kuazima na spika moja inayokoroma. Baada ya miezi mitatu mmoja kapata kibarua mashamba ya maua Naivasha, mwingine kateremka Mombasa kupiga mahotelini, basi, kwisha. Wazee husema, "Si tuliwaambia?" Lakini Farrokh naye angeambiwa hivyo hivyo, mara tatu katika mwaka mmoja.

Tena msomaji asiyependa magitaa asidhani namsemea mwingine. Vikundi vya kasida na vya maulidi hupatwa na yayo hayo. Sauti nzuri husikika misimu miwili, mwenyewe huoa au huhama, na hakuna aliyeihifadhi. Siku hizi kila mtu ana simu ya kurekodi, ila simu ikijaa hufutwa, na kanda za zamani zinaliwa na ukungu makabatini. Nakuru ni jiji tangu Desemba 2021. Haistahili kukosa kabati moja, katika maktaba au msikitini, la kuwekea sauti za watu wake.

Mwenye ukanda nyumbani na aandike juu yake jina la mwimbaji, mahali na tarehe, wiki hii hii, wakati wale wanaoitambua sauti ni ya nani bado wako hai.