Chura Aliyenyimwa Uhakiki: Moustapha Alassane na Mipaka ya Uongo ya Fasihi

Tangu Moustapha Alassane alipofariki mwezi Machi mwaka 2015, jina lake limekuwa likitajwa kwa heshima kubwa huku kazi zake zikihakikiwa kwa nadra sana. Kila amtajaye humwita baba wa filamu za katuni barani Afrika, kisha huweka nukta. Ubaba huo una madhara yake. Humvika mtu joho, humketisha mahali pa heshima, na kumwondolea mhakiki wajibu wa kuuliza mtu huyo alisema nini, alikisema vipi na alikuwa akimsema nani. Makala haya yanashikilia kwamba Alassane ni mtunzi wa tashtiti wa ngazi ya juu. Kwamba kazi zake ni fasihi kwa vipimo vilevile ambavyo idara za fasihi zimejiwekea. Na kwamba kuzitenga na mitaala ni kosa la kinadharia, wala si suala la uhaba wa nafasi katika ratiba.

Alassane alizaliwa nchini Niger mwaka 1942, akasomea umakanika. Kabla hajaishika kamera, alikuwa akichora picha na kuzimulika ili wenzake wazitazame. Mjini Niamey alikutana na Jean Rouch, mwanaanthropolojia na mwelekezi wa filamu kutoka Ufaransa, ambaye alimfungulia mlango wa sinema. Baadaye alikwenda Kanada akajifunza kwa Norman McLaren, bingwa wa filamu za katuni. Mwaka 1962 alitoa Aouré, filamu fupi ya waigizaji. Mwaka 1965 akatoa La mort de Gandji, ambayo ni ya katuni. Na mwaka 1966 akatoa Bon voyage, Sim, yaani Safari Njema, Sim. Zilifuata filamu nyingine nyingi, zikiwemo F.V.V.A. ya mwaka 1972, ambayo herufi za jina lake husimamia mwanamke, gari, jumba na pesa, Samba le grand ya mwaka 1977, na Kokoa ya mwaka 2001, inayohusu mashindano ya mieleka baina ya wanyama. Aidha, aliiongoza sehemu ya sinema katika Chuo Kikuu cha Niamey kwa miaka mingi. Huyu basi si mtu aliyebahatisha jambo moja la kwanza akanyamaza. Ni mtunzi wa takriban miongo minne.

Dai la kwanza linalotumiwa kumpunguzia hadhi ni kwamba alikuwa zao la walimu wake. Husemwa kwamba bila Rouch hapangekuwa na Alassane, na bila McLaren hapangekuwa na katuni zake. Hoja hii ikikubaliwa kwa Alassane, haina budi kukubaliwa kwa wote. Ngũgĩ wa Thiong'o alisomea Kiingereza katika Chuo cha Makerere, chini ya wahadhiri Waingereza, lakini hakuna mhakiki mwenye akili timamu anayewapa wahadhiri hao riwaya zake. Isitoshe, yatosha kuzilinganisha kazi zenyewe. Sehemu kubwa ya sifa za McLaren yatokana na mistari na nukta zinazocheza muziki, mara nyingi zikiwa zimechorwa moja kwa moja juu ya utepe wa filamu. Alassane alikwenda kwake kutafuta mbinu, akarudi nyumbani na kuitumia mbinu hiyo kuunda jamhuri ya vyura yenye rais, itifaki na shamrashamra za ziara ya kiserikali. Jamhuri hiyo haikutoka Kanada.

Dai la pili ni la fani. Michoro yake, husemwa, ni ya kienyeji, mikavu, isiyo na ulaini. Hata wanaomsifu huusamehe ukavu huo kwa kutaja umaskini wa vifaa. Ni kweli kwamba vifaa vilikuwa haba. Sekunde moja ya filamu huhitaji picha 24, na filamu ya dakika tano, kama ilivyo Bon voyage, Sim, ni picha 7,200 katika utepe, hata kama mchoro mmoja hurudiwa zaidi ya mara moja. Katika studio kubwa za Marekani kazi hiyo hugawanywa baina ya mamia ya watu. Kwa Alassane iliangukia takriban mikono miwili. Hata hivyo, anayeishia kwenye umaskini hajahakiki kitu, amehesabu mali tu. Swali la mhakiki ni hili: ukavu huo unafanya kazi gani katika kazi yenyewe? Jibu halijifichi. Mchoro laini humremba mtawala. Mchoro mkavu humvua mapambo. Chura aliyechorwa kwa mistari michache, akitembea kwa mikogo ya kiongozi wa taifa, huchekesha kwa sababu mikogo ndiyo pekee iliyobaki mwilini mwake. Hapo fani na maudhui yameshikana kiasi kwamba kuomba radhi kwa ajili ya fani ni kukiri kwamba maudhui hayakueleweka.

Dai la tatu ndilo kongwe na ndilo lenye kudhuru zaidi: kwamba katuni ni mambo ya watoto. Katika Bon voyage, Sim, rais wa jamhuri ya vyura anaalikwa na rais wa nchi jirani. Anasafiri, anapokelewa kwa fahari, na anaporejea kwake anang'olewa madarakani. Filamu hii ni ya mwaka 1966, mwaka uleule ambao Kwame Nkrumah alipinduliwa mwezi Februari akiwa safarini barani Asia. Mwezi Januari mwaka 1971, Milton Obote alipinduliwa akiwa Singapore kwa mkutano wa Jumuiya ya Madola. Si lazima kumfanya Alassane nabii, wala kudai kwamba alimlenga Nkrumah. La msingi ni kwamba aliutambua muundo: mtawala anayejiona mkubwa zaidi akiwa ugenini ndiye aliyesahau ardhi anayoikalia. Ni mtoto gani huyo anayechorewa somo la itifaki na mapinduzi?

Uteuzi wa chura nao wastahili kutafakariwa. Waswahili husema kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Katika methali hiyo chura ni mnyonge apigaye kelele, na ng'ombe ni mwenye nguvu asiyejali. Alassane hakuichota methali hii, lakini msomaji wa Kiswahili akiitazama filamu kwa jicho la methali ataona jambo la ajabu: ng'ombe ameondolewa kabisa. Anayetawala ni chura, wanaotawaliwa ni vyura, na bwawa ni lao wote. Mtawala hana asili ya juu kuliko raia wake. Ukubwa wake ni wa kuvishwa, na kilichovishwa huvuliwa.

Hapa ndipo unafiki wa kitaaluma hujitokeza. Wahakiki walewale wanaodharau vyura wa Alassane hawakuwahi kusita mbele ya Shamba la Wanyama, tafsiri ya Fortunatus Kawegere ya kazi ya George Orwell, iliyotolewa Nairobi mwaka 1967. Nguruwe waliochapwa kwa wino huitwa istiara ya kisiasa. Vyura waliochorwa kwa wino huitwa burudani ya watoto. Tofauti ni ipi, isipokuwa kwamba hao wa kwanza wamefungwa baina ya majalada mawili?

Huenda ikajibiwa kwamba fasihi ni sanaa ya lugha, na filamu hii haitegemei maneno. Jibu hilo lingekuwa na nguvu kama idara zenyewe hazingelikuwa zimelikana zamani. Mwezi Oktoba mwaka 1968, Ngũgĩ, Taban lo Liyong na Owuor Anyumba waliandika katika Chuo Kikuu cha Nairobi hoja yao ya kuivunja Idara ya Kiingereza, wakaitaka fasihi simulizi iwe kiini cha masomo. Tangu ushindi wa hoja hiyo, mwanafunzi wa Kenya hufundishwa kwamba ngano haikamiliki kwenye karatasi; kwamba fanani, sauti, mwendo wa mwili, maleba na hadhira ni sehemu ya maana yake. Ikiwa mwili wa fanani ni fasihi, kwa nini mwili wa chura aliyechorwa na fanani usiwe fasihi? Ama idara zikubali hitimisho la nadharia yao, ama ziitupe nadharia.

Jambo hili si la Niger pekee. Mwaka 2010 watazamaji wa Uingereza walianza kuonyeshwa Tinga Tinga Tales, mfululizo wa hekaya za wanyama wa Kiafrika uliotengenezewa Nairobi kwa ajili ya watoto wadogo. Ustadi wa vijana walioutengeneza hauna shaka. Lakini aliyeamua kwamba hekaya ya mnyama ni chakula cha watoto wadogo ni mwenye fedha, na mhakiki aliponyamaza, uamuzi huo ulionekana kuwa hali ya maumbile. Miaka miwili baadaye, Ng'endo Mukii, mwelekezi Mkenya, alitoa Yellow Fever, akitumia uhuishaji kuchunguza kujichubua ngozi na mateso ya nafsi yanayoandamana nako. Hiyo ni kazi ya watu wazima, juu ya jeraha la watu wazima. Je, imo katika silabasi ngapi za fasihi?

Sinema huru ya aina hii haina kampuni ya kuitangaza. Katika nchi nyingi za Afrika Magharibi zilizotawaliwa na Ufaransa, kampuni mbili za kigeni, COMACICO na SECMA, zilishika usambazaji wa filamu wakati Alassane anaanza kazi, na kazi za wenyeji zilipata nafasi finyu. Kazi isiyo na soko hutegemea uhakiki ili iishi. Mhakiki anapoikataa kwa kuwa si kitabu, anakamilisha alichokianza msambazaji.

Idara za fasihi hazidaiwi makuu. Zinadaiwa kuiweka Bon voyage, Sim katika kozi ya tashtiti, kando ya Shamba la Wanyama, na kuwatahini wanafunzi juu yake kwa ukali uleule. Filamu yenyewe ni ya dakika tano. Hakuna mhadhara usioweza kuimudu.