Zidisha Kwanza, Ndipo Utoe Shilingi

Mkulima wa pamba wa Shinyanga huuliza bei kabla ya kuuza. Mchimbaji wa Geita huipima dhahabu yake kwenye mizani. Lakini siku hizi wapo wakulima na wachimbaji wanaotoa fedha kubashiri mpira bila kupiga hesabu yoyote. Jambo hili si zuri. Tulitazame pamoja.

Mchezo mmoja una matokeo matatu: timu itashinda, itatoka sare, au itafungwa. Sasa chukua michezo miwili. Kwa kila tokeo la mchezo wa kwanza, mchezo wa pili nao una matokeo matatu. Kwa hiyo hatujumlishi, tunazidisha: 3 x 3 = 9. Yaandike yote tisa katika daftari lako. Angalia na mpangilio. Simba kushinda na Geita Gold kufungwa ni jambo moja. Simba kufungwa na Geita Gold kushinda ni jambo jingine.

Michezo mitatu ina njia 27. Minne ina 81. Mitano ina 243. Ukitaka kuweka mikeka yote 243, kila mmoja kwa Sh. 500, utatoa Sh. 121,500. Mkeka wa michezo 13 una njia 1,594,323. Iliyo sahihi ni moja tu.

Mtu atasema, "Mimi naujua mpira." Ni kweli, anayeujua hubashiri vizuri kuliko asiyeujua. Basi tuseme katika kila mchezo unajua kwa hakika tokeo moja ambalo halitatokea. Yanabaki mawili. Zidisha 2 kwa 2 hivyo hivyo mpaka mchezo wa 13. Utapata 8,192. Na wewe umeshika mkeka mmoja.

Mwenye kuchezesha anaijua hesabu hii. Anatangaza zawadi kubwa kwa sababu anajua wachache mno wataipata. Asiyejua kuzidisha huona zawadi tu, haoni njia nyingi za kuikosa.

Kwa maoni yangu, darasa la kisomo lisiishie kukariri jedwali la kuzidisha. Lizidishe mambo yanayogusa mifuko yetu. Fedha ya pamba na ya dhahabu imetoka kwa jasho. Ina kazi ya kununua chakula, jembe na madaftari ya watoto. Kabla hujaitoa, shika kalamu uzidishe.