Ubao, Daftari na Hukumu ya Pupa

Katika madarasa mengi ya Kenya, kunakili ubaoni huhesabiwa kuwa kazi isiyohitaji akili. Mwanafunzi ashindwaye huitwa mzembe au kichwa kigumu. Hukumu hiyo ni ya pupa.

Anayenakili hulazimika kuinua macho, kuutafuta mstari, kuyahifadhi maneno pamoja na mahali yalipo, kisha kuinamia daftari na kurejea palepale alipoachia. Kwa mwenye ADHD, yaani hali ya upungufu wa makini ambayo mara nyingi huandamana na utukutu, hapo ndipo kamba hukatikia. Macho yake huenda yakawa mazima kabisa (miwani haitamfaa kitu), ila kumbukumbu ya muda mfupi ishikayo mahali pa vitu humponyoka. Mwaka 2005, Martinussen na wenzake walichanganua tafiti 26 kuhusu watoto wenye hali hii, wakabaini kwamba upungufu wao katika kumbukumbu ya mahali ulizidi ule wa kumbukumbu ya maneno. Si kila mmoja wao aliye hivyo. Hata hivyo, matokeo hayo yatosha kumfanya mwalimu aweke chini kiboko, ambacho kwa hakika kilipigwa marufuku shuleni tangu mwaka 2001.

Mtoto huyohuyo akisomewa kwa sauti, huenda akaandika bila kuruka neno. Basi na asomewe, apewe nakala iliyochapwa, au aruhusiwe kuweka rula chini ya mstari. Na katika Jiografia, maswali ya ramani aulizwe moja baada ya jingine.