Kalamu Hutangulia Bunduki

Kila siku maelfu ya wafanyakazi wa Dar es Salaam hushuka Kariakoo, hununua unga na nguo, hupanda basi wakaenda zao, na ni wachache mno wakumbukao kwamba jina la mahali hapo ni kumbukumbu ya vita. Baada ya Waingereza kuuteka mji huu mwaka 1916, hapo ndipo walipowakusanya wapagazi wa jeshi lao, kikosi kilichoitwa kwa lugha yao Carrier Corps, na ndimi za watu wetu zikaligeuza jina hilo kuwa Kariakoo. Makumi ya maelfu ya wapagazi wa Afrika ya Mashariki walikufa katika vita hivyo kwa njaa, kuhara na homa, wakibeba mizigo ya ugomvi usiokuwa wao. Magazeti ya Ulaya yaliandika sana habari za majemadari, Smuts upande huu na von Lettow-Vorbeck upande ule. Mpagazi hakuandikwa. Habari yake imebaki katika jina la soko.

Twaanza na jambo hili kwa sababu latufundisha mambo mawili. La kwanza, ni kwamba wapiganapo tembo ziumiazo ni nyasi, na nyasi hizo siku zote ni wafanyakazi na wakulima. La pili, ni kwamba gazeti lina uwezo wa kumfanya mtu aonekane au asionekane. Mambo haya mawili yakikutana, kalamu huwa silaha. Tena ni silaha itanguliayo, maana hakuna serikali iwezayo kupigana vita ikiwa baba hataki kumtoa mwanawe, na mlipa kodi hataki kutoa fedha yake. Kwanza lazima wakubalishwe. Kazi hiyo ya kuwakubalisha hufanywa kwa wino.

Na tutazame jinsi ifanywavyo.

Usiku wa tarehe 4 Agosti 1964 Rais Johnson wa Marekani aliwaambia wananchi wake katika televisheni kwamba manowari zao zilikuwa zimeshambuliwa kwa mara ya pili katika Ghuba ya Tonkin, karibu na pwani ya Vietnam ya Kaskazini. Magazeti makubwa yaliipokea habari hiyo kama ilivyotoka Serikalini, yakaichapa asubuhi kwa herufi kubwa. Siku tatu baadaye wabunge 416 wa Baraza la Wawakilishi walimpa Rais uwezo wa kupigana, wala hapakuwa na hata mmoja aliyekataa. Katika Seneti waliokubali walikuwa 88 na waliokataa 2 tu. Zaidi ya Wamarekani 58,000 walikufa katika vita hivyo, na Wavietnam waliokufa walizidi milioni. Mwaka 2005 nyaraka za idara ya Marekani yenyewe, ile isikilizayo mawasiliano ya mataifa mengine, zilifunguliwa, zikaonyesha kwamba shambulio lile la tarehe 4 halikutokea kamwe.

Mtu aweza kusema kwamba hayo ni ya zamani, na kwamba waandishi wamekwisha jifunza. Kama walijifunza, walisahau upesi. Tarehe 28 Januari 2003 Rais Bush alilitangazia Bunge lake kwamba Iraki ilitafuta madini ya urani katika Afrika ili itengeneze bomu la nyuklia. Nchi iliyokusudiwa ni Niger, nchi maskini ambayo haikuwa na gazeti la kuitetea mbele ya dunia. Tarehe 7 Machi mkuu wa Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki, Mohamed ElBaradei, aliliarifu Baraza la Usalama kwamba hati zilizotolewa kuwa ushahidi wa jambo hilo hazikuwa halisi. Tarehe 20 Machi vita vikaanza. Silaha za maangamizi zilitafutwa nchi nzima, na maghala yaliyosemwa hayakuonekana. Tarehe 26 Mei 2004 gazeti la New York Times liliwakiri wasomaji wake kwamba baadhi ya habari lilizozichapa juu ya silaha hizo hazikuchunguzwa kwa ukali uliopasa. Ulikuwa ungamo la haki, nasi twalisifu gazeti lililolitoa. Lakini Baghdad ilikuwa imekwisha anguka zaidi ya mwaka mmoja kabla yake.

Wazee wetu walisema njia ya mwongo ni fupi. Neno hili ni kweli, lakini mwenye kutaka vita halimtishi, kwa kuwa yeye hahitaji njia ndefu. Uongo wake wahitaji kuishi mpaka siku ambayo jeshi litavuka mpaka. Baada ya hapo hata ukifa si kitu, maana damu ikishamwagika watu hawaulizi tena vita vilianzaje, huuliza vitashindwaje. Ndiyo maana masahihisho yajayo baada ya mwaka mmoja, hata yakiwa ya kweli tupu, hayamfufui mtu.

Njia nyingine ni jina. Hali ya Hatari ilipotangazwa Kenya na Gavana Baring tarehe 20 Oktoba 1952, wapiganaji waliojiita Jeshi la Ardhi na Uhuru waliandikwa magazetini kwa jina la Mau Mau, na jina hilo likavikwa sifa za ushetani, giza na wazimu. Mtu akiitwa mpigania ardhi, msomaji atauliza: Ni ardhi ipi, na nani aliyeitwaa? Lakini akiitwa shetani, hakuna tena la kuuliza. Kilichobaki ni kumwangamiza. Wala tusidhani kwamba hila hii ni ya mabeberu wa Magharibi peke yao. Urusi ilipoingiza majeshi yake Ukraine tarehe 24 Februari 2022, magazeti ya huko yalikatazwa kuita vita kwa jina la vita, yaliamriwa kusema "operesheni maalumu ya kijeshi." Sheria ya tarehe 4 Machi mwaka huo iliweka kifungo cha hadi miaka 15 kwa mtu atakayetoa habari za jeshi ambazo wakubwa wataziona kuwa za uongo. Serikali iliyo na hakika na haki yake haimfungi mtu kwa neno moja.

Kuna na hesabu ya wafu. Januari 1953 familia moja ya walowezi wa Kenya iliuawa, pamoja na mtoto wa miaka 6, na picha za chumba cha mtoto huyo zilienea katika magazeti ya Nairobi na London. Kilikuwa kifo cha kusikitisha, nasi hatumtetei aliyekitenda. Lakini katika vita vile vyote raia wa Kizungu waliouawa walikuwa 32. Raia Waafrika waliouawa na wapiganaji walikuwa zaidi ya 1,800, na wapiganaji waliouawa na Serikali, kwa hesabu ya Serikali yenyewe, walizidi 11,000. Juu ya hao, watu 1,090 walinyongwa kwa hukumu ya mahakama. Ni wangapi kati ya maelfu hao ambao picha ya chumba chao ilichapwa gazetini? Msomaji wa London aliijua sura ya mtoto mmoja, asijue kwamba kulikuwa na maelfu wengine.

Ilipofika tarehe 3 Machi 1959, wafungwa 11 walikufa katika kambi ya Hola, wilaya ya Mto Tana. Taarifa ya Serikali ilisema kwamba watu hao walikufa baada ya kunywa maji kutoka katika gari la maji. Taarifa hiyo ilichapwa. Laiti mambo yangeishia hapo, hadi leo tungeambiwa kwamba maji yaliwaua. Lakini uchunguzi wa vifo ulifanywa, maiti zikapimwa, ikadhihirika kwamba watu hao walipigwa na askari mpaka wakafa, kwa sababu walikataa kufanya kazi waliyolazimishwa. Baadhi ya waandishi na wabunge wa Uingereza walilishikilia jambo hilo, na mwezi wa Julai hata Enoch Powell, mbunge wa chama kilichokuwa kikitawala, aliilaumu Serikali ya chama chake ndani ya Bunge usiku. Miaka 54 ilipita kabla ya Serikali ya Uingereza kusema, tarehe 6 Juni 2013, kwamba yasikitishwa na mateso waliyotendewa Wakenya, na kukubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa ajili ya wadai 5,228. Wengi waliostahili walikuwa makaburini.

Twaitaja Hola kwa sababu yaonyesha kwamba kalamu ambayo huficha ndiyo hiyo hiyo iwezayo kufichua. Desemba 1972 askari wa Kireno waliwaua mamia ya wanavijiji wa Wiriyamu, katika mkoa wa Tete, Msumbiji. Wamisionari walikusanya habari hizo kwa hatari ya maisha yao, na tarehe 10 Julai 1973 gazeti la Times la London lilizichapa, zimeandikwa na Padri Adrian Hastings, siku chache tu kabla ya Waziri Mkuu Caetano wa Ureno kuizuru Uingereza. Ureno ilijibu kwamba hakuna kijiji chenye jina hilo. Watu waliokwisha uawa walikuwa sasa wanauawa mara ya pili, kwa kuambiwa kwamba hawakupata kuwako. Lakini safari hii wino ulisimama upande wa wafu, na Ureno ikazidi kutengwa hata utawala ule ulipopinduliwa tarehe 25 Aprili 1974.

Na kama yupo aaminiye kwamba maneno hayaui, na aende Arusha. Huko, tarehe 3 Desemba 2003, Mahakama ya Kimataifa ya Rwanda iliwatia hatiani Ferdinand Nahimana na Jean-Bosco Barayagwiza, waasisi wa redio ya RTLM, pamoja na Hassan Ngeze, mhariri wa gazeti la Kangura. Redio ile ilianza kutangaza mwezi wa Julai 1993 kwa muziki na mizaha. Katika mauaji ya mwaka 1994 ilikuwa ikiwaita Watutsi mende, na kutaja watu kwa majina yao na mahali walipo. Rufani ya mwaka 2007 ilifuta baadhi ya makosa na kupunguza vifungo, lakini haikuwaachia huru. Hukumu hiyo iliyotolewa katika ardhi yetu ni onyo kwa kila ashikaye kalamu au kipaza sauti: hatasalimika kwa kusema kwamba mkono wake haukushika panga.

Sasa twageukia nyumba yetu wenyewe, maana si haki kumulika nyumba ya jirani na kuacha yetu gizani. Gazeti la chama lina majaribu yake. Lapenda kuwasifu wakubwa wake, laogopa kuwakasirisha, na siku ya vita hujiona limesamehewa kila kosa kwa sababu lipo upande wa Taifa. Mwaka 1978 Idi Amin alipoivamia Kagera na kutangaza kwamba ameitwaa, Taifa letu lilikuwa na haki ya kupigana, na wananchi waliitambua haki hiyo bila kudanganywa. Hilo ndilo fundisho. Vita vya haki havihitaji uongo, na pale ambapo gazeti laona haja ya kudanganya, hapo hapo limekwisha ungama kwamba haki ina upungufu.

Tena tujiulize kwa uaminifu juu ya vita vya siku hizi. Vita vya Sudan vilianza tarehe 15 Aprili 2023, vikawaondoa zaidi ya watu milioni 10 katika makazi yao. Mji wa Goma, ambao watu wake husema Kiswahili kama sisi, ulitekwa na M23 mwezi wa Januari 2025. Je, habari hizo zilipata nafasi gani mbele ya habari za Ukraine, ambazo twaletewa zimekwisha pikwa na mashirika ya ng'ambo? Ikiwa sisi Waafrika twaweka wafu wetu ukurasa wa ndani, tutamlaumuje mhariri wa London wa mwaka 1953?

Hatusemi kwamba msomaji asiamini kitu. Mtu asiyeamini chochote hudanganyika sawa na yule aaminiye kila kitu, kwa kuwa wote wawili wameacha kazi ya kupima. Twasema apime. Asomapo habari ya vita, na atazame ni nani aliyeisema: Je, mwandishi aliona kwa macho, au alipewa karatasi na msemaji wa jeshi? Na atazame upande wa pili wameitwaje, na kama wangeitwa hivyo laiti wangekuwa marafiki. Na ahesabu wafu wa pande zote mbili. Na akumbuke kuuliza ni nani atakayebeba mzigo, maana wenye kupiga tarumbeta mara chache huwa ndio wabebao risasi. Maswali haya hayahitaji shahada. Yaweza kuulizwa kiwandani wakati wa chai, katika mkutano wa tawi, au chini ya mwembe kijijini.

Sisi tunaoandika tunalo deni letu, nalo ni kumwandika mpagazi. Ndugu mfanyakazi, utakapopita tena Kariakoo, litazame jina hilo kama utazamavyo jiwe la kaburi. Waliolala chini yake walipelekwa vitani pasipo kuulizwa, na hakuna gazeti lililowauliza. Wewe wajua kusoma. Usikubali kupelekwa kwa namna ile ile.