Miaka 50 tunangojea karatasi moja

Kikula, tarehe 20/7/2023

Bandugu na bada, vijana wenzetu wa Likasi,

Leo sheria ya udongo, ile namba 73-021, inatimiza miaka 50. Mobutu aliitia sahihi tarehe 20/7/1973. Artikle 53 inasema udongo wote ni mali ya Leta peke yake. Artikle 387 inaingiza hata udongo wa vijiji mu ile mali. Halafu artikle 389 inaahidi kama haki za wanakijiji zitapangwa na ordonansi ya Raisi.

Ile ordonansi haijatoka mpaka leo. Mobutu alienda bila kuiandika. Mzee Kabila akapita, mtoto wake akakaa miaka 18, sasa ni Tshisekedi. Karatasi moja tu!

Wengine watasema: ninyi batoto ba site, mambo ya pori inawaangalia nini? Inatuangalia sana. Babu ya mmoja wetu, ku njia ya Kambove, alipanda ekaliptusi pembeni ya shamba lake tangu zamani. Pesa ya ile milingoti njo ililipa minervali mpaka mjukuu akapata diplome (leo iko mu kabati, lakini hiyo ni habari ingine). Mwaka jana bwana mmoja akafika na sertifika: udongo na miti yote ni konsesyo yake. Mu tribinali bakauliza, «Papa, papye yako iko wapi?» Mzee akasema, «Muende muangalie miti.» Batu bakacheka.

Sisi hatukucheka. Kode ya misitu ya 2002 inasema misitu ni ya Leta, lakini miti ya shamba ni ya mwenye shamba. Katiba, artikle 34, inalinda mali iliyopatikana kwa sheria ao kwa desturi. Basi miti ni ya mzee, udongo chini yake ni wa Leta, na mwenye sertifika njo analala na vyote. Ni nani alishapanda mti mu hewa?

Tunajua jibu lao: Leta ni sisi wote. Kweli, sheria Bakajika ya 1966 ilinyang'anya makampuni ya wakoloni udongo ambao walijigawia, na pale tunapiga mikono. Lakini haikuurudisha ku kijiji. Leopold alikuwa amesema tangu 1885 kama udongo «wazi» ni wa Leta, na pori ambamo mama zetu walikuwa wanaokota bowa na asali ikahesabiwa kuwa wazi. Mzungu alienda, ile hesabu ikabakia. Na Leta yenyewe inalinda nini? Mu 2016 na 2017 mukula ulikatwa upande wa Kasenga, malori kwa malori, wenye kijiji wanaangalia tu.

Tena sheria ile ile inaomba ankete kabla ya kutoa konsesyo ya udongo wa kijiji: kufika pale, kuhesabu watu, kuandika misitu na mito, kusikiliza wenye kukaa. Kwa babu yetu hakuna mtu aliyefika. Na muchunge: sertifika ikipita miaka 2, haivunjwi tena, unabakia kuomba malipo tu. Kwa hiyo wikendi hii muulize wazee wenu kama kuna mtu anapima pori yao. Wakisema ndiyo, muende kwa konservatere sasa, si mwaka kesho. Na dekreti ya 2/8/2014 inaruhusu jamii kuomba msitu wake mpaka hektari 50 000, bila kuulipia. Shefu wengi hawajaisikia. Sisi wenye kusoma na kukaa bila kazi tunaweza kuwaandikia ile barua.

Kwa Raisi tunaomba kitu kimoja: ordonansi ya artikle 389. Kwa wenye kutoa konsesyo: onyesheni ankete ya kila pori mliyogawa upande wa Kambove. Juma tatu saa tatu tutakuwa mbele ya komine ya Kikula na barua. Mwenye mzee wake ako na kesi, aje naye.